Adui Niliyekatazwa Kumzika

Koku binti yangu,

Wewe na mama yako mmeenda Kanazi kumuaga bibi, nami nimebaki hapa nyumbani na kuku. Nimeona nikuandikie sasa, kwa sababu mkirudi nyumba itajaa watu. Watakula, watakuombea, na mimi nitakaa kwenye kona yangu nikiitikia kwa kichwa. Unanijua, maneno ya mdomoni hunitoka vibaya.

Mambo ya hati ya kusafiria, ya kutokula ovyo njiani, ya kuangalia mzigo pale mpakani Mutukula, mama yako ameshayasema na kesho stendi atayasema tena. Sina la kuongeza hapo. Nataka tuzungumze juu ya mieleka, maana ndiyo inayokuchukua. Siku uliponiambia umepata kazi ya ulingoni Kampala, nilikujibu neno moja tu, "Sawa." Baadaye nikakusikia jikoni ukimwambia mama yako, "Tata hajali." Ninajali, Koku. Siku ile nilikuwa nimemkumbuka Deusdedit, na mtu akinijia hivyo kichwani siwezi kuongea.

Huenda unamkumbuka kidogo. Ulikuwa hujaanza shule. Alikuwa akija hapa Nyanga jioni, hapiti njiani, anapita kibanjani katikati ya migomba, na ukimsikia anakohoa nyuma ya jiko unakimbia kumpokea. Ulimwita Tata Mdogo. Alipoacha kuja ukauliza, tukakwambia amesafiri. Ulikuwa mtoto wa kuridhika upesi, hukuuliza tena, na sisi tukashukuru.

Deus alikuwa mtu wa Muleba, Mkatoliki, mtoto wa pekee wa Ma Veneranda na mumewe, watu wa kahawa na ndizi kama sisi. Alikuja huku kutafuta vibarua, tukakutana Kanazi tukipakia ndizi kwenye malori. Lori likichelewa tulishikana mieleka juu ya majani makavu ili tusilale. Yeye alikuwa mwepesi, mimi nilikuwa mzito. Siku moja akatuona mtu wa hapa mjini aitwaye Faustini, ambaye aliwahi kuishi Kongo na akaona huko jinsi mieleka inavyojaza viwanja. Alitutazama mpaka tukamaliza, akasema, "Nyinyi wawili mnaweza kuishi mjini kwa kuchukiana."

Hivyo ndivyo tulivyoanza. Ulingo wetu ulikuwa mbao zilizolazwa juu ya matairi ya lori, magodoro ya sponji, na turubai juu yake. Mimi nikaitwa Nondo wa Bukoba, Deus akaitwa Radi wa Muleba. Mimi nilipakwa masizi uso mzima, nikabaki macho na meno tu. Jumamosi hii tunapigana Hamugembe, hapa Bukoba, nyingine tunapigana Muleba siku ya gulio, halafu tunarudi. Haikuwa mieleka ya kushikana na kuachiana. Tulipigana kwa viti, kwa mabati, kwa fimbo zilizozungushiwa seng'enge, na kwa zile taa ndefu za kioo zinazopasuka kama bunduki. Jicho langu la kushoto, unalolijua lilivyo, lilipata kipande cha taa hizo.

Utasikia watu wakisema ni uongo. Hata watu wa kanisani kwetu hapa walikuwa wakiniambia hivyo, kama kunifariji. Mshindi alijulikana kabla, hilo ni kweli. Damu ya kwanza nayo tulijitoa wenyewe, kwa kipande kidogo cha wembe kilichofichwa kwenye bendeji ya mkono. Lakini bati lilikuwa bati, na kiti kilikuwa kiti. Kilichotuokoa ni kwamba kila mmoja alikuwa anamlinda mwenzake. Kabla sijamnyanyua nilimbonyeza kiganja, naye akibonyeza nami najua yuko tayari. Asipobonyeza, namweka chini taratibu na kujifanya nimechoka. Sijawahi kumwamini mtu yeyote duniani kama nilivyomwamini yule aliyekuwa akinipiga na viti. Hata mama yako anajua hivyo, wala haoni wivu.

Watu walituamini kupita kiasi. Bukoba ilikuwa yangu na Muleba ilikuwa yake. Nikiingia Muleba, Faustini ananipa kipaza sauti, nakoroma kwa sauti nzito isiyo yangu, natukana ndizi zao, natukana kahawa yao, nasema hata senene wao wamekonda. Uwanja unachemka. Wananirushia maganda, mchanga, chupa za maji. Na mbele kabisa, kwenye kiti alichokuja nacho kutoka nyumbani, amekaa Ma Veneranda, mama yake Deus. Aliniapiza kwa Kihaya kizito ambacho hata mimi maneno mengine sikuyajua. Siku moja nilipotupwa nje ya kamba karibu yake, alinichapa mwavuli mgongoni, na akaendelea kunichapa mpaka refa akaja.

Jioni ile Deus alicheka hadi akakaa chini.

Nikamwambia, "Mwambie mama yako, Deus. Mwambie sisi ni ndugu. Yule mama anaumia kweli."

"Mama hawezi kukaa na siri," akasema. "Akijua atapoa. Na mama akipoa, Muleba yote inapoa."

Hiyo ilikuwa pia amri ya Faustini. Tusionekane pamoja. Tusile pamoja, tusipande pikipiki moja, tusisalimiane sokoni. Tukikutana mbele za watu, mmoja ateme mate. Ndiyo maana Deus alipita kibanjani. Kwenye simu yake alikuwa ameniandika "Fundi Bati", ili mtu akiishika asione jina langu. Tuliona ni mchezo, na tulikuwa tukishindana nani anajua kujificha zaidi. Mimi nilikuwa hodari.

Kisha baba yake akafariki.

Unajua kwetu msiba ni nini. Mtu unaweza kukosa harusi, ubatizo, hata kesi yako mwenyewe, lakini msiba wa rafiki hukosi. Deus alinipigia simu asubuhi, sauti imekauka. Nikamwambia nakuja. Akasema, "Usije. Watu wote wa uwanjani watakuwa hapa. Utaharibu."

Ninachotaka ukijue ni hiki, na sijamwambia mtu mwingine. Aliposema usije, moyo wangu ulitulia. Nilikuwa nimeanza kuona ugumu wa safari, macho ya watu, maelezo. Yeye akanifungulia mlango nikatoka. Nilikaa hapa uani siku ya mazishi nikichambua maharage, nikajiambia ninalinda kazi yetu. Alipokuja tena kunitembelea hakunilaumu. Alikaa pale jikoni, akakupakata, akaomba chai. Nilimwambia pole, akasema ahsante, kama watu wa ofisini. Ningeweza kuvunja mchezo wote siku ile na tungepata hasara ndogo. Sikufanya hivyo. Nilichukua alichosema mtu mwenye msiba nikakitumia kama ruhusa.

Pambano letu la mwisho lilikuwa Muleba. Halikuwa na ajabu yoyote. Nilimpiga kiti mgongoni, yeye akanipitisha juu ya meza, akashinda yeye kama ilivyopangwa, na wenzake wakambeba juu. Kabla ya hapo alikuwa akilalamika kichwa kwa muda. Nilimwambia apumzike, akasema tumalize msimu wa kahawa kwanza, watu wakiwa na hela. Baada ya pambano hilo akalala na homa, wakampeleka hospitali.

Sikuweza kwenda. Wodi nzima ilikuwa watu wa Muleba, na Faustini alinipigia mwenyewe kunionya. Nikawa napiga simu. Alipokea mama yake, maana Deus hakuweza tena.

"Nani?"

"Ni fundi, mama. Fundi bati. Anaendeleaje?"

"Hajafumbua macho, fundi. Tuombee."

Kesho yake tena, na keshokutwa tena. Alianza kunizoea. Akanisimulia alivyokunywa uji kidogo, alivyogeuza kichwa. Siku moja akasema, "Fundi, wewe peke yako ndiye unayepiga kila siku. Wengine wote wanaongea juu ya uwanja." Halafu ikafika asubuhi nikapiga, simu ikapokelewa, na sikuulizwa ni nani. Nilisikia vilio vya wanawake.

Daktari alisema malaria ilipanda kichwani. Watu walisema kiti. Video ya pambano ilikuwa kwenye simu zote za wilaya, kile kiti changu kikirudiwarudiwa taratibu, na chini yake watu wameandika wanayotaka. Mimi niliyeshika kile kiti najua nilivyokishika. Kilimpata mgongoni, bapa, kama tulivyofanya siku zote. Lakini kulikuwa na viti vingine, Koku, vya miaka, na vingine vilifika kichwani, kwa sababu kichwani ndiko watu walikopiga kelele zaidi. Hakuna daktari aliyenijibu hilo kwa sababu sijawahi kumuuliza. Nimeishi nalo hivyo hivyo, halijafungwa. Usitegemee kwamba ukikua kila kitu kitapata jibu.

Safari hii nilikwenda. Mama yako alitaka tufuatane, nikamkatalia. Nilivaa koti langu la kanisani, nikapanda gari hadi Muleba, nikashuka barabarani nikatembea kwa mguu hadi kwao. Sikuwa na masizi usoni, lakini mwili huu na jicho hili haviwezi kufichwa. Vijana waliokuwa wakikata majani ya migomba pale mwanzo wa kibanja walinitambua kabla sijasalimia. Wakaacha kukata. Akaja baba mdogo wake Deus, mzee mwenye adabu, wala hakupaza sauti.

"Umefuata nini hapa?"

"Nimekuja kuzika, waitu, mzee wangu. Deus alikuwa rafiki yangu."

"Rafiki yako."

"Alikuwa akila kwangu. Mtoto wangu anamwita Tata Mdogo. Ule ugomvi ulikuwa kazi tu."

 Nadhani alitaka kuniamini, kwa vile ilikuwa siku ya msiba na mtu huchoka kuchukia. Akawageukia wale vijana akauliza, "Kuna aliyewahi kumwona huyu na Deus wamekaa pamoja? Popote? Hata mara moja?"

Wakatikisa vichwa. Nilimtafuta Faustini kwa macho, nikamwona amesimama na wanaume karibu na moto, shati jeupe. Aliniona. Alijua kila kitu, alikuwa mtu pekee pale aliyejua kila kitu. Akainamisha kichwa akajifanya anasikiliza simu.

"Rudi kwako," mzee akaniambia. "Yule mama ndani asikuone. Ukipiga hatua moja zaidi sitaweza kuwashika hawa."

Nikarudi. Nilifika barabarani nikasimama upande wa pili, kwenye mibuni ya mtu nisiyemjua, na nikasikia nyimbo za kumsindikiza. Nilizisikia mpaka zikaisha. Hayo ndiyo mazishi niliyompa rafiki yangu.

Wiki iliyofuata Faustini alinitafuta. Nilidhani anakuja kuomba radhi. Alitaka nirudi Muleba kupigana na kijana mpya ambaye angejiita mdogo wake Radi, aje kulipa kisasi. Alisema uwanja hautatosha. Nikamuuliza, "Kwa nini hukusema siku ile?" Akanijibu kwa upole kabisa, "Ningesema, tungekuwa na nini leo?" Sikumpiga. Watu wengi wanadhani nilimpiga ndipo nikaacha mieleka. Nilimsindikiza hadi njiani kama mgeni yeyote, nikarudi kwenye ndizi, na ndiko unakoniona hadi leo.

Sasa sikiliza na hili, kwa kuwa ndilo lililonichelewesha kukujibu.

Ulipokuwa sekondari nilikwenda Muleba kuonwa jicho, madaktari wa macho walikuwa wamekuja. Foleni ilikuwa ndefu. Akaja mama mzee akiongozwa na mkono wa jirani, wakamkalisha kando yangu kwenye benchi. Macho yake yote mawili yalikuwa na utando mweupe. Nilimtambua kwa sauti alipowasalimia watu. Nilitaka kuhama, lakini nikaona nikiinuka atasikia.

Akaniuliza natoka wapi. Nikasema mbali kidogo. Akainua kichwa.

"Sauti yako naijua. Wewe si fundi? Fundi bati wa mwanangu?"

Koku, nilikuwa na nafasi ya kusema mengi. Nikasema, "Ndiyo, mama. Ni mimi."

Alinishika mkono, akaushika kwa mikono yake yote miwili. "Fundi. Nilikungoja msibani. Kila mwanaume aliyeingia niliuliza, huyu ni fundi? Kwa nini hukuja kumzika?"

"Nilikuja, mama. Watu walikuwa wengi, sikufika ndani."

"Ungesema tu jina. Ningewaambia wakulete mbele. Ningekukalisha karibu na jeneza."

 Akaendelea kunishika mkono, tukasogea pamoja kwenye benchi kila foleni iliposogea. Alinisimulia Deus alivyokuwa mtoto. Halafu akaniuliza, kama mtu anayeuliza bei ya ndizi, "Yule wa Bukoba, yule aliyempiga. Yuko hai bado?"

"Yuko hai, mama."

"Mungu anampa muda," akasema.

Walipomwita nilimsindikiza hadi mlangoni. Sikumwambia. Nimejiuliza tangu siku ile kama ilikuwa huruma au ni kuogopa tena, kama siku niliyokaa nachambua maharage. Ningesema ukweli ningempokonya fundi, mtu pekee aliyemwona mwema katika jambo zima. Nisingempa kitu badala yake isipokuwa Nondo. Hivyo ndivyo ninavyojieleza. Pengine ningemwacha aamue mwenyewe.

Alifariki mwaka uliofuata. Jirani yake alinipigia, kwa ile namba ya fundi iliyobaki kwenye simu ya Deus, akisema mama alikuwa ameacha neno kwamba fundi asikose. Nikaenda. Baba mdogo wa Deus alishatangulia, na wale vijana walishatawanyika Mwanza na Dar. Waliokuwapo hawakunijua. Nilipewa jembe nikafukia pamoja na wanaume wengine, na kaburi lake liko ubavuni mwa la Deus, kwa hiyo nilisimama hapo pia, mguu mmoja karibu na msalaba wake. Mtu mmoja akanishukuru, akaniita fundi. Nilikula chakula chao kama fundi bati, nikarudi nyumbani kama fundi bati. Mama yako aliponiuliza kulikuwaje nikasema palikuwa na watu wengi.

Sikuandikii hivi ili usiende. Umeizoea kazi hii zaidi ya nilivyoizoea mimi nilipoanza, nimekuona ukidondoka kule uwanjani mnakofanyia mazoezi, unajua kudondoka. Nilikuja kukutazama mara kadhaa bila kukwambia, nikasimama nyuma.

Ila juzi, ulipokuwa nyuma ya tanki la maji, nilikusikia ukijirekodi kwenye simu. Ulikuwa unamtukana yule msichana wa Kiganda waliyekupangia, Nagawa. Ulisema mama yake atamkusanya kwa ungo. Ulirudia mara nyingi hadi ikatoka vizuri, ukacheka, ukaituma. Najua ndiyo kazi, na najua naye amekurudishia yake. Najua pia watawakataza msionekane pamoja, kwa sababu kila mahali wapo akina Faustini na wote wanasema kitu kimoja.

Watii ulingoni. Tukana unavyotakiwa kutukana, piga unavyotakiwa kupiga, na umbonyeze mkono kabla hujamnyanyua. Lakini Jumapili ya kwanza, kabla hamjapigana hata mara moja, mwombe huyo Nagawa akupeleke kwao. Akisita, mwambie ni sharti la baba yako, mzee wa Bukoba mwenye kichwa kigumu. Beba kahawa ya kutafuna, usiende mikono mitupu. Msalimie mama yake kwa magoti kama unavyomsalimia bibi yako. Mwambie jina lako la ubatizo, na la ukoo, na unatoka wapi. Mwambie kazi yenu itakuwa kumwangusha mtoto wake, na kwamba utamwangusha vizuri. Kula watakachokupa, kaa mpaka waanze kukutuma maji, na uhakikishe yule mama amekuona usoni.

Ni mimi, Tata.